Mtambo wa Kumi na Nne

Ankara niliziandika mimi.
Baba akitamka, mikono yanuka grisi,
nami naweka tarehe, naweka idadi:
mitambo ishirini na miwili ya kufumia taulo,
bei ya beringi, bei ya mikanda,
usiku kumi na tisa wa kazi.
Karani wa kiwanda alipiga mhuri, Imepokelewa,
na mhuri ule, alisema wakili wetu Kulsum Naikwadi,
ndio uti wa mgongo wa kesi.

Jumla: laki moja, elfu themanini na sita.
Rupia, si maneno.

Miezi kumi na minne tulikwenda langoni.
Mlinzi akituuliza kama tuna ruhusa.
Tajiri Kothadiya yuko Mumbai, yuko mezani,
yuko hekaluni, yuko arusini kwa mpwawe.
Kulipa kwake kukawa matanga
ambayo maiti haijapatikana.

Ndipo tukafungua shauri la mkato,
lile la wenye karatasi zinazojisemea.
Humo mdaiwa hasimami tu akaropoka.
Ana siku kumi za kuitika,
kisha sharti aombe, kwa kiapo,
ruhusa ya kujitetea.
Neno hilo nililisoma mara tatu ndani ya basi.
Ruhusa.
Safari hii lango liko kwetu
na anayebisha hodi ni yeye.

Kiapo chake kilikuja na kurasa arobaini.
Kazi haikufanyika.
Ilifanyika, ila si na Narsayya Yemul.
Ilifanyika na Narsayya Yemul, ila vibaya.
Fedha zilikwisha lipwa, risiti imeliwa na mchwa.
Kulsum alicheka hata miwani ikamteleza:
"Mwenye utetezi huleta mmoja."

Lakini ukurasa wa thelathini na moja
ulikuwa na mstari mdogo, umejibanza:
mtambo wa kumi na nne watetema,
taulo zake hutoka pindo limepinda.

Baba akaniomba niusome tena.
Akafuta vidole ambavyo siku hiyo vilikuwa safi.
"Hilo kweli," akasema.
"Shafti ilitaka kunyooshwa.
Nilirudi Jumatatu na nyundo yangu, bure, bila malipo.
Lango likawa limefungwa."

Mzee, hilo limeze, wakili akamwambia.

Korti ya Solapur ina feni inayozunguka kwa kulalamika.
Askari wa mlangoni aliichukua nyundo
(baba alikuja nayo, usiniulize kwa nini)
akaifungia kikaratasi chenye namba.
Jaji, mama mmoja mwenye mafua,
aliifunua ile arobaini kama mtu achambuaye mchele,
akauliza: "Hapa kuna la kujibu,
au kuna la kuchelewesha?"

Baba, ambaye hakuulizwa, akasimama.
"Mheshimiwa, mmoja ni kosa langu.
Bei yake kateni.
Ishirini na mmoja naidai."

Kulsum akafumba macho.
Wakili wa tajiri akafumbua kinywa
akakikuta kitupu.

Amri ilikuwa mistari sita.
Kwa mtambo wa kumi na nne, ajitetee.
Kwa iliyobaki, alete fedha kortini kwanza,
zote, ndani ya wiki nne,
ndipo azungumze.
Akishindwa, hukumu ni yetu.

Wiki nne. Kuhesabu tumeshazoea.
Nilitaka kumkasirikia baba, nikashindwa pa kuanzia:
alikuwa anagombana na askari kwa ajili ya nyundo,
kikaratasi chake kimepotea.

Jioni tulipita nyuma ya kiwanda.
Ukuta mzima ulikuwa ukingurumia kazi yake,
taulo zikizaliwa upande wa pili kwa maelfu,
na mimi sikusikia ila kelele moja nene.
Baba alisimama. Akainua kidole,
akakishusha, akakiinua, akifuata mapigo,
mpaka kidole kikakwama hewani.

"Ule," akasema. "Bado unaumwa."

Basi la mwisho likatuacha.